Dripu: kwa nini matone huhesabiwa

Unapokwenda kumuuguza jamaa yako hospitali, aghalabu kitu cha kwanza kukiona ni chupa iliyotundikwa juu ya kitanda na mpira mwembamba ulioshuka hadi mkononi mwake. Na aghalabu yupo mtu pembeni anayelalamika kuwa maji yanakwenda taratibu mno. Basi anajinyoosha, anasogeza kile kigurudumu cha plastiki kilichoko kwenye mpira, na matone yanaanza kukimbizana. Nia yake ni njema: chupa iishe, mgonjwa apate nguvu, watu warudi nyumbani kabla ya usiku. Wiki hii tutazame kigurudumu hicho kina kazi gani, na kwa nini mkono wa muuguzaji haufai kukigusa.

Dripu ya kawaida haina mashine yoyote. Kinachosukuma maji ni uzito wa maji yenyewe, ndiyo maana chupa hutundikwa kiasi cha mita moja juu ya mgonjwa. Ukiipandisha, maji huenda kasi zaidi, ukiishusha, hupungua. Mgonjwa akikunja kiwiko au akilalia mpira, matone husimama. Na akienda chooni akiwa ameishika chupa chini ya kiuno, utaona damu inapanda kwenye mpira. Wengi hushtuka wakidhani mgonjwa anakufa. Sivyo, ni mshipa tu uliokuwa na msukumo mkubwa kuliko chupa. Inyanyue chupa, kisha mwite muuguzi, kwa sababu damu hiyo ikikaa itaganda na kuziba.

Chini ya chupa kuna kichupa kidogo kinachoonyesha ndani. Hapo ndipo matone huonekana, na hapo ndipo muuguzi anaposimama na saa yake akihesabu. Mipira mingi ya watu wazima hutoa matone 20 kwa kila mililita moja. Ipo ya 15 na ya 10, na idadi huandikwa kwenye pakiti. Ile ya watoto wadogo hutoa matone 60, madogo madogo.

Tuchukue mfano. Daktari ameandika nusu lita, yaani mililita 500, iingie kwa saa 4. Mililita 500 mara matone 20 ni matone 10,000. Saa 4 ni dakika 240. Ukigawa unapata karibu matone 42 kwa dakika. Chupa ile ile ikiandikwa saa 8, ni matone 21. Kwa jicho, matone 21 na 42 hayatofautiani sana, ndiyo maana muuguzi hutumia saa na si kukadiria.

Sasa mlaze hapo mtoto wa kilo 10. Damu yote mwilini mwake ni kama mililita 800 tu. Kama anapewa maji ya kumtosha siku nzima kwa sababu hawezi kunywa, anahitaji karibu mililita 40 kwa saa. Kwa mpira wa matone 20 hayo ni matone 13 hivi kwa dakika. Mama mkubwa akifungua kigurudumu mpaka mwisho, nusu lita nzima inaweza kuingia kwenye mwili huo ndani ya muda mfupi. Moyo huelemewa, mapafu hujaa maji, na mtoto aliyekuwa na homa sasa anashindwa kupumua. Kwa mzee mwenye maradhi ya moyo au figo, hatari ni hiyo hiyo.

Hata madaktari wamejifunza jambo hili kwa uchungu. Mwaka 2011 yalitolewa matokeo ya utafiti uliofanyika Uganda, Kenya na Tanzania kwa watoto zaidi ya 3,000 waliofikishwa hospitali na homa kali na dalili kuwa damu haizunguki vizuri. Waliopewa maji mengi kwa haraka walifariki asilimia 10.6 ndani ya siku mbili. Ambao hawakupewa maji ya haraka, asilimia 7.3. Wengi walitarajia kinyume chake.

Lakini usije ukakimbilia kusema dripu ya haraka ni mbaya siku zote. Utafiti ule haukuwahusu watoto wa kuharisha. Mtoto huyo huyo wa kilo 10, mwenye umri wa miaka miwili, akikaukiwa sana kwa kipindupindu, hupewa mililita 300 kwa nusu saa ya kwanza na 700 nyingine kwa saa mbili na nusu. Hapo ni matone 200 kwa dakika, huyahesabu, yanatiririka. Mwaka 1832 daktari Thomas Latta wa Leith, Uskochi, alimtilia mshipani maji ya chumvi bibi mmoja mwenye kipindupindu aliyekuwa anakata roho. Bibi akazinduka. Daktari akamwacha apumzike, kuharisha kukarudi, hakuna aliyeendeleza maji, na bibi akafariki saa chache baadaye.

Wengi pia tunaikumbuka kwinini ya dripu na masikio kuvuma. Ile iliandikiwa saa 4 kwa sababu maalumu: ikikimbizwa, hushusha shinikizo la damu na kuvuruga mapigo ya moyo. Siku hizi malaria kali hutibiwa kwanza kwa sindano ya artesunate.

Na ile imani kuwa dripu ni chakula? Chupa ya nusu lita ya dextrose ya asilimia 5 ina gramu 25 za sukari, yaani vijiko sita hivi vya chai. Anayeweza kunywa uji atapata nguvu nyingi zaidi kwenye kikombe. Hata hivyo, kwa upande wa funga, Baraza la Kimataifa la Fiqhi mwaka 1997 lilizitenga dripu za lishe na sindano nyingine ambazo hazifunguzi. Mgonjwa ana ruhusa yake ya kula na kulipa baadaye.

Mgonjwa anapotawadha, plasta ya mkono wenye sindano isiloe, maana unyevu hukaribisha vijidudu. Namna ya kupangusa amuulize sheikh wake. Wewe kazi yako ni kuangalia. Ukiona mkono umevimba, umekuwa wa baridi au mwekundu, au mgonjwa anasema panawaka, maji yanaingia nyamani na si mshipani. Chupa ikikaribia kwisha, au mgonjwa akianza kuhema na kukohoa ghafla, mwite muuguzi mara moja, hata kama ni saa nane za usiku.