Maana ya Namba 169

Tumezoea kusema kwamba kompyuta ina "lugha ya mashine". Yafaa tulichungue neno hilo, maana lugha yenyewe si moja.

Kompyuta nyingi za nyumbani za miaka ya 1970 na 1980 zilitumia ama kichakataji cha 6502, kilichotoka Marekani mwaka 1975 na kutiwa katika Apple II, ama Z80 cha mwaka 1976, kilichoendesha ZX Spectrum. Kila kimoja kilisoma namba za biti nane, yaani 0 hadi 255, wala hakikuwa na msamiati mwingine.

Basi tuandike katika kumbukumbu 169, kisha 5. Cha 6502 hufahamu 169 kuwa ni amri ya kutia katika rejista A namba inayofuata. Hiyo 5 ni mfano wa yambwa tu. Kwa Z80, 169 ni amri iliyotimia: kulinganisha biti za A na za C, na kuacha katika A alama ya 1 kila zinapohitilafiana. Nayo 5 ni amri ya pili, kupunguza moja katika rejista B!

Neno letu "paa" laweza kuwa mnyama, au la nyumba, au amri ya kuruka. Maneno ya jirani ndiyo huamua. Hapa huamua mahali usomaji ulipoanzia. Hata 6502 chenyewe, kikianza kusoma kwenye 5, kitaiona kuwa amri. Ndiyo sababu aliyenakili safu za namba kutoka gazetini, akaruka moja tu, zilizofuata zote aliziandika sawasawa na zisiwe na maana ile.