Delos: Kisiwa Kisicholaza Mgeni

Msafiri azuruye magofu ya Delos, nchini Ugiriki, aghalabu hupanda chombo asubuhi kutoka kisiwa jirani cha Mykonos na kurejea siku iyo hiyo, kwani mgeni haruhusiwi kulala huko. Amri za aina hii ni kongwe. Mnamo 426 K.K., Waathene waliyafukua makaburi yote kisiwani, kisha wakaamuru kwamba asizaliwe wala asife mtu hapo, mahali ambapo, kwa mujibu wa visasili, alizaliwa mungu Apollo. Wajawazito waliokaribia kujifungua na mahututi walivushwa hadi Rheneia.

Waongozaji hupenda kukawia penye simba wa marumaru (walio nje ni nakala, wa asili wamo makumbushoni) na sakafu zilizonakshiwa kwa vijiwe. Zapendeza, naam. Lakini Warumi walipoifanya Delos bandari huru mnamo 166 K.K., sehemu ya utajiri wake ilitokana na watumwa. Strabo aliandika kwamba kisiwa kiliweza kupokea na kusafirisha watumwa 10,000 kwa siku. Yamkini idadi hiyo imetiwa chumvi. Biashara yenyewe haikubuniwa. Waliuzwa wapi hasa? Baadhi ya wanaakiolojia huutaja Uwanja wa Waitalia, wengine hupinga. Hilo ndilo swali la kumwuliza mwongozaji kabla ya chombo kung'oa nanga.