Shahidi Mkuu Alikuwa Muuaji

Koitalel arap Samoei na Kipchomber arap Koilege walikuwa ndugu, wana wa Kimnyole, orkoiyot (kiongozi wa kiroho) wa Wanandi, aliyeuawa na watu wake mwenyewe mwaka 1890. Ukiyasoma majina hayo katika jalada la serikali, undugu huo huuoni. "Arap" ni "mwana wa", na hawa wa baba mmoja wana arap mbili. Mwandishi wa wasifu anayefuata majina tu ameshapotea kabla ya ukurasa wa pili.

Baba alipokufa wakagombania kiti. Koitalel akabaki Nandi. Kipchomber akahamia kwa Wakipsigis, Kericho na Bomet ya leo, akawa orkoiyot wao.

Koitalel aliuawa tarehe 19 Oktoba 1905, katika mkutano ulioitwa wa amani. Tunayajua mengi ya siku hiyo kwa sababu Richard Meinertzhagen, afisa aliyehusika na mauaji yenyewe, alichapisha shajara yake mwaka 1957, miaka 52 baadaye. Brian Garfield alipomchunguza katika kitabu cha mwaka 2007, alikuta mengi aliyojisifia ni ya kubuni. Hata wataalamu wa ndege wamemnasa: aliiba ndege waliokaushwa katika makumbusho, akawabandika vibandiko vipya na kudai kawakusanya yeye. Mtu wa namna hiyo ndiye shahidi wetu mkuu! Kumtupa haiwezekani, kumnakili ni uzembe. Kila sentensi yake ipimwe kwa kumbukumbu za jeshi na kwa simulizi za wazee wa Kinandi.

Wazee nao wana yao. Sheria ya kikoloni ya mwaka 1934 iliwahamisha Watalai, ukoo wa ndugu hao wawili, kutoka Kericho hadi Gwassi, karibu na Ziwa Victoria, na mwaka 2022 madai yao dhidi ya Uingereza yalifikishwa katika Mahakama ya Haki za Binadamu ya Ulaya. Ushahidi wanaompa wakili wao ni wa kutafuta fidia, na ni haki yao. Mwandishi wa wasifu hana budi kuuliza pia yale ambayo wakili hana haja nayo, kwa mfano kwa nini majirani waliwaheshimu Watalai na papo hapo wakawaogopa. Na jibu likiwa siri ya familia, aombe ruhusa upya kabla ya kuchapisha. Chai aliyokaribishwa si idhini.

Kipchomber, ambaye Waingereza walimhamisha pia, hakuachiwa shajara na adui yeyote. Habari zake zimebaki katika barua za maofisa waliotaka aondoke, na vinywani mwa wajukuu.