Je, Wajua? Aliwapiga Picha Maseneta, Kisha Naye Akawa Seneta

Je, wajua kwamba kuna Spika wa Bunge la Liberia aliyewahi kujipatia riziki kwa kupiga picha mjini Hartford, Marekani? Anaitwa Augustus Washington. Usimchanganye na yule George wa kwenye noti ya dola. Huyu alizaliwa Trenton, New Jersey, karibu na mwaka 1820. Baba yake alikuwa mtumwa kabla ya kupata uhuru wake, na mama yake alikuwa na asili ya Asia Kusini.

Je, wajua kilichompeleka kwenye kamera? Ada. Mwaka 1843 aliingia Chuo cha Dartmouth, fedha zikamwishia, akajifunza kupiga picha ili ajilipie masomo. Hazikutosha. Mwaka uliofuata aliacha chuo, akahamia Hartford kufundisha shule ya watoto weusi, na mwaka 1846 akafungua studio yake.

Je, wajua picha za enzi hizo zilivyotengenezwa? Ziliitwa dagereotaipu, na mbinu yenyewe ilitangazwa Paris mwaka 1839. Bamba la shaba lililofunikwa kwa fedha lilisuguliwa hadi mtu akajiona usoni, likapitishwa kwenye mvuke wa iodini, likawekwa ndani ya kamera, kisha likasafishwa kwa mvuke wa zebaki. Ndiyo, zebaki hiyohiyo ambayo wachimbaji wadogo wa dhahabu kule Geita wanaonywa nayo kila siku. Negativu haikuwepo. Picha ilikuwa ni lile bamba lenyewe, moja tu, wala hakuna nakala ya pili ya kumpelekea shangazi.

Na pwani yetu? Wakati Washington anafungua studio yake, nahodha Mfaransa Charles Guillain alikuwa kwenye safari ya Afrika Mashariki, kati ya 1846 na 1848, naye alibeba vifaa vya dagereotaipu. Picha za safari hiyo ni miongoni mwa za kale kabisa za ukanda huu.

Je, wajua kwamba Washington alikuwa hodari wa matangazo? Alijinadi kuwa studio yake ndiyo pekee mjini Hartford yenye chumba cha wanawake cha kujipambia, pamoja na mhudumu wa kike wa kuwasaidia. Wateja wake walikuwa weupe na weusi, na miongoni mwao walikuwemo wenye fedha na majina.

Mteja wake aliyekuja kuvuma kuliko wote ni John Brown. Alipoketi mbele ya kamera, mwaka 1846 au 1847, Brown alikuwa mfanyabiashara wa sufu tu. Alisimamisha mkono mmoja kama anayekula kiapo, na mwingine ukashika bendera. (Dagereotaipu hugeuza kulia kuwa kushoto, kwa hiyo usikimbilie kusema ni mkono gani ulioapa.) Oktoba 1859 aliongoza shambulio la mji wa Harpers Ferry ili kuwachochea watumwa waasi, na tarehe 2 Desemba akanyongwa. Picha hiyo ilinunuliwa mwaka 1996 na jumba la taifa la picha za watu maarufu mjini Washington kwa dola 115,000. Ada ya Dartmouth ingelipwa na chenji ikabaki.

Je, wajua kwa nini aliacha biashara iliyokuwa ikimlipa? Mwaka 1850 Marekani ilipitisha sheria kali ya kuwakamata watumwa waliotoroka, na mtu mweusi akawa hana usalama hata kaskazini. Washington, ambaye hapo awali alipinga mpango wa kuwapeleka watu weusi Afrika, alibadili msimamo na kuutetea gazetini mwaka 1851. Frederick Douglass na viongozi wengine wengi weusi waliupinga mpango huo vikali. Mwishoni mwa 1853 Washington alipanda meli kwenda Monrovia, Liberia, pamoja na mkewe Cordelia na watoto wao wawili.

Alifungua studio huko pia, na akasafiri na kamera hadi Sierra Leone, Gambia na Senegal. Lakini kazi yake kubwa, kwa maoni yangu, ni mabamba ya wakuu wa Liberia: Makamu wa Rais Beverly Page Yates, maseneta mmoja mmoja mezani pao, hata mpambe wa Seneti, Chancy Brown. Hapo utaona jinsi taifa changa, lililojitangazia uhuru Julai 26, 1847, lilivyotaka kuonekana: makoti, tai, karatasi na kalamu.

Wenyeji, yaani Wakru, Wavai, Wabassa na wengineo, hawakuwa na viti katika picha hizo. Walowezi kutoka Marekani ndio walioshika dola, na uraia wa wenyeji ulisubiri hadi 1904. Washington mwenyewe hakunyamaza kuhusu kasoro za makazi ya walowezi hao: mwaka 1854 aliandika gazetini New York akilalamikia vifo vya homa na uongozi mbovu. Hata hivyo alibaki, akalima miwa kando ya Mto St. Paul na akatajirika.

Je, wajua alivyofika bungeni? Shamba lilimpa jina, jina likampa kura. Alichaguliwa kuwa mbunge, akawa Spika katika miaka ya 1860, na mwaka 1871 akaingia Seneti, baraza ambalo watangulizi wake aliwapiga picha yeye mwenyewe.

Alifariki Monrovia mwaka 1875. Mabamba yake ya maseneta yamehifadhiwa katika Maktaba ya Bunge la Marekani, na nakala zake zimewekwa bure kwenye intaneti. Mwalimu wa historia anayesoma hapa, waonyeshe wanafunzi wako, kisha waulize ni nani hayumo.