Tarehe ya Kuzaliwa Haikisiwi

Nitaanza na kosa langu mwenyewe. Mwaka 2009, nilipokuwa mwalimu kijana wa darasa la kwanza hapa Bunia, mzee mmoja aliniletea mtoto wa ndugu yake ili aandikwe shuleni. Nikamwuliza, "Alizaliwa lini?" Akajibu, "Mwalimu, mimi sijui. Mama yake yuko shamba." Mtoto alikuwa mrefu. Bila kumngoja mama, nikaandika: 1 Januari 2001.

Kumbe mama alijua. Alimzaa mwezi wa Juni 2003, siku zile askari wa Umoja wa Ulaya, wakiongozwa na Wafaransa, walipokuwa wakishuka kwenye uwanja wetu wa ndege ili kutuliza vita. Asiyesoma kalenda hukumbuka mambo makubwa, na jambo kubwa lina tarehe yake. Tena mtoto alibatizwa mwaka uleule, na siku ya kuzaliwa ikaandikwa katika kitabu cha ubatizo, kama sheria ya Kanisa iagizavyo. Lakini mimi sikuuliza.

Kosa likakua pamoja na mtoto. Cheti cha shule ya msingi kilifuata daftari langu. Orodha ya watahiniwa wa sekondari ikafuata cheti. Na mwaka 2021 Diploma ya Serikali ikaja kutoka Kinshasa ikiwa na ule mwaka wangu wa uongo. Kijana alipoomba kuingia chuo, karani aliiweka diploma kando ya hati ya kuzaliwa, akasema, "Hawa ni watu wawili."

Rafiki zake wakampa mashauri. Mmoja alisema akwangue tarehe kwa wembe. Mwingine alisema anunue hati mpya ya kuzaliwa yenye mwaka 2001, ili karatasi zote zipatane. Shauri la kwanza ni kughushi, nako sheria yetu inakuadhibu kwa kifungo cha miezi sita hata miaka mitano. La pili laonekana dogo, lakini ni uongo uleule, na mtu atauchukua mpaka uzee wake. Wako pia vijana wanaojipunguzia miaka kwa ajili ya mpira au kazi. Hao hawasahihishi kosa, bali wanalizaa.

Kijana akanijia. Tulikwenda paroki, paroko akafungua kitabu cha mwaka 2003, na tarehe ilikuwamo. Nikaandika barua ya kukiri kosa langu, nikatia sahihi. Shauri likapita mahakamani, kisha likatumwa Kinshasa, kwa maana diploma ya namna hiyo hakuna mwalimu wala prefe mwenye ruhusa ya kuigusa. Akangoja. Mwaka mzima wa masomo ukampotea kwa ajili ya kalamu yangu ya dakika moja.

Basi, wazazi, sheria ya familia, kama ilivyorekebishwa mwaka 2016, yataka mtoto aandikishwe katika siku 90 baada ya kuzaliwa. Nendeni kwenye ofisi ya komine inayoandika vizazi. Siku hizo zikipita, njia ni ya mahakama, nayo ni ndefu. Tunzeni kadi ya ubatizo na kadi ya kliniki mahali pakavu. Na mkikimbia vita, zitangulie kuingia katika mzigo.

Wanafunzi, kabla prefe hajatuma orodha ya watahiniwa, ombeni kuiona. Someni jina, mahali na tarehe, neno kwa neno. Siku ile kosa huondolewa kwa kalamu. Baada ya diploma kuchapwa, litataka hakimu. Usipoziba ufa, utajenga ukuta.

Nanyi walimu wenzangu, urefu wa mtoto si kalenda.

Kijana yule sasa yuko chuoni. Nami kila mwanzo wa mwaka, mzazi asipojua tarehe, naacha mstari wazi katika daftari, namwambia kwa upole, "Baba, kesho uje na mama yake."