FARASI WA MOTERE NI FARASI GANI?



Siku hizi neno moja linatembea katika midomo ya wengi hapa shuleni, toka chumba cha kulia mpaka uwanja wa mpira. Ni neno shevo, ama kwa Kiswahili chema, farasi. Sababu inajulikana. Komite ya Wazazi inakusanya feza ya kununua mashini ya kusaga mahindi na mihogo kwa internati, na karatasi tatu za bei zimefika. Ya kwanza inasema motere ya mazuti ya 10 CV. Ya pili inasema motere ya mazuti ya 10 HP. Ya tatu inasema motere ya umeme ya 7,5 kW. Tangu siku ile tunasikia mabishano mengi. Wadogo zetu wa mwaka wa tatu wameapa kwamba ya tatu ni zaifu, maana 7,5 ni ndogo kuliko 10. Wengine wanasema CV ni farasi wa Wafaransa na HP ni farasi wa Waingereza, na kwamba farasi wa Mwingereza amekula zaidi.

Sisi wa mwaka wa sita, sekshoni ya Hesabu na Fizikia, tumeona vema kueleza neno hili katika gazeti letu. Si mchezo. Kila jamaa imetoa kitu, wengine maharagi, wengine mbuzi. Na kila mmoja wetu anajua safari ya juma mosi, kubeba mahindi kichwani mpaka mashini ya mjini, kungoja zamu, na kurudi giza limekwisha kuingia. Kijiji kimoja kisicho mbali nasi kilinunua mashini bila kuuliza swali hili. Leo kuku wanatagia mayai juu yake.

Tuanze na mtu aliyeleta neno. James Watt alikuwa fundi wa Scotland, naye alitengeneza upya mashini ya mvuke, akaiuza pamoja na mwenzake Matthew Boulton. Wenye migodi waliokuwa na mashini ya zamani ya Newcomen walilipa kwa hesabu rahisi: makaa unayookoa kwa kutumia mashini yetu, utupe sehemu moja ya tatu ya bei yake. Lakini wengine hawakuwa na mashini yoyote. Wenye vinu, na wenye viwanda vya pombe vya London (ndivyo historia inavyosema, tusilaumiwe), walizungusha vinu vyao kwa farasi. Hawa hawakuwa na makaa ya kuokoa. Swali lao lilikuwa moja tu: mashini yako itafanya kazi ya farasi wangu wangapi?

Basi Watt alipima, miaka ya 1782 na 1783. Farasi wa kinu alizunguka duara la futi 12 toka katikati mpaka pembeni, yaani metre 3,66. Alizunguka mara 144 kwa saa. Watt alikadiri kwamba anavuta kwa nguvu ya ratili 180, karibu kilo 82. Zidisha yote, unapata ratili 32.572 zinazoinuliwa futi moja kwa dakika. Watt akakaza hesabu ikawa 33.000, na hiyo ndiyo HP mpaka leo. Wengi wanasema farasi wa kawaida hawezi kuvumilia kazi hiyo siku nzima. Hiyo haikumzuru Watt, kwa sababu mnunuzi aliyeahidiwa farasi kumi alipata mashini iliyoshinda farasi wake kumi, akaenda kusifu kwa jirani. Kwa muda mfupi lakini, farasi wa kweli anapita mbali hesabu ile. Wataalamu wawili waliandika mwaka 1993 kwamba farasi mwenye nguvu, akivuta kwa sekunde chache tu, anafikia karibu HP 15.

Hapa kwetu farasi tunamjua kwa Biblia na kwa picha. Mbung'o na magonjwa yake walimzuia kuenea katika sehemu kubwa ya inchi. Kule Uele, Gangala-na-Bodio, walifundisha tembo kuvuta magari na kulima. Kama Watt angezaliwa kule, pengine leo tungeuliza motere ina tembo ngapi.

Wafaransa na Wadachi walipochukua kipimo hiki walikipatanisha na metre na kilo. Wao walisema: farasi mmoja ni kuinua kilo 75 metre moja kwa sekunde moja. Ukigeuza hesabu ya Watt unapata kilo 76 na kidogo. Tofauti ni kama 1,4 kwa mia. Njo maana tunawaambia wenye kubishana juu ya CV na HP: katika motere ya kumi, tofauti yenu haitoshi kusaga kikombe cha unga. Kwa kilowati, ambayo ndiyo kipimo cha mataifa yote (na jina la wati lenyewe limetoka kwa Watt), farasi wa Kifaransa ni wati 735,5 na wa Kiingereza wati 746. Kwa hiyo motere ya 7,5 kW iko na farasi kumi na kidogo, kwa hesabu yoyote ya hizo mbili. Yule aliyeitwa zaifu ndiye mkubwa wa wote watatu, ingawa kwa unywele tu.

Ili jambo lisibaki kwenye karatasi, tulilipima kwa miguu. Ngazi za kupanda toka mabweni mpaka madarasa zina kimo cha metre 4,5, tuliupima kwa kamba. Mwenzetu wa kilo 58 alizipanda mbio kwa sekunde 3,6. Zidisha 58 kwa 4,5, gawanya kwa 3,6, unapata 72,5. Bado kidogo awe farasi mzima. Wa pili, wa mwaka wa tano, mwenye kilo 70, alitumia sekunde zilezile, akapata 87,5, maana yake farasi 1,17. Amekwisha kujiita "Shevo" na hatuwezi kumnyamazisha. Lakini juu ya ngazi alikaa chini, hakuweza hata kujibu salamu ya mwalimu. Mtu anayefanya kazi toka asubui mpaka jioni anatoa kama sehemu moja ya kumi ya farasi. Tushike neno hili, tutalihitaji mbele: nguvu ya dakika moja si nguvu ya siku nzima.

Sasa kuna farasi wa aina nyingine ambaye amedanganya watu wengi, naye ni farasi wa kodi. Katika karatasi za gari utaona "puissance fiscale" na namba ya CV. Herufi ni zilezile, mnyama si yule. Huyu wa kodi hakupimwa kwa kuinua kitu chochote. Ni serikali iliyoandika hesabu yake ili ijue itatoza nini. Citroën 2CV, iliyoonyeshwa Paris mwaka 1948, ilikuwa na farasi wawili wa kodi, lakini motere yake ilitoa farasi wa kweli tisa. Uingereza nayo, toka 1910 mpaka 1947, ilihesabu farasi wa kodi kwa upana wa silinda tu, bila kutazama urefu wa mwendo wa pistoni. Mafundi wakaona mlango. Wakatengeneza silinda nyembamba zenye mwendo mrefu, kodi ikabaki ndogo na nguvu ikaongezeka. Na Ufaransa mwaka 1998 moshi unaotoka nyuma ya gari nao uliingizwa katika hesabu ya farasi wa kodi!

Kwa hiyo kijana anayesema pikipiki ya kaka yake "ni ya farasi kumi" na gari la mchungaji "ni la CV 9 tu, njo maana linashindwa kupanda" anaweka pamoja vitu visivyopimana. Gari linashindwa kupanda kwa sababu ya barabara, sisi sote tunaijua.

Yuko pia farasi wa tanuru la mvuke. Yeye alipimwa kwa maji: kugeuza ratili 34,5 za maji yanayochemka kuwa mvuke kwa saa moja, karibu kilo 15,6. Ukimpima kwa kilowati anakaribia 9,8, sawa na farasi wa kawaida kumi na watatu. Hatutakaa naye sana. Lakini anayesoma vitabu vya zamani vya matanuru ya viwanda ajue kwamba farasi 50 wa tanuru si farasi 50 wa motere.

Turudi kwa motere yenyewe, maana hapa ndipo feza ya wazazi inaweza kupotea. Swali la kwanza ni hili: farasi walihesabiwa pahali gani? Ndani ya silinda, moto unaposukuma pistoni, wako wengi. Wakifika kwenye ekseli inayozunguka, wengine wamekufa njiani kwa kusuguana kwa vyuma. Ukiongeza mukaba na puli, wengine tena wanabaki. Hesabu ya haki ni ile ya kwenye ekseli, nayo inapimwa kwa kizuizi. Mfaransa Gaspard de Prony alikibuni mwaka 1821: mbao mbili zinabana ekseli, mkono mrefu umefungwa humo, na uzito unawekwa kwenye ncha mpaka mkono unasimama sawa. Ukijua uzito, urefu wa mkono na mizunguko kwa dakika, unajua farasi. Ni rahisi hivi kwamba fundi wa seremala na mwalimu wa fizikia wangeweza kukitengeneza hapa shuleni.

Swali la pili: farasi wa muda gani? Vitabu vingine vya motere ndogo za mazuti vinatoa namba mbili, moja ya saa moja na nyingine, ndogo kuliko ile, ya saa 12. Muuzaji anapenda kuandika ile kubwa. Mashini ya internati itasaga asubui nzima, si kama mwenzetu wa ngazi. Karatasi ya kwanza na ya pili hazisemi ni namba gani zimeandika. Ni lazima kuuliza.

Swali la tatu ni la mlima, na tunaona ndilo watu wanalisahau kuliko yote. Motere ya mazuti inakula hewa pamoja na mazuti. Butembo yetu iko juu ya metre 1.700, na hewa ya huku ni nyepesi kuliko ile ya kando ya bahari, karibu na hali ambayo namba za kibao zinahesabiwa. Motere isiyo na turbo inapoteza karibu sehemu moja kwa mia kila unapopanda metre 100. Basi farasi kumi wa karatasi wakifika huku wanabaki kama nane na nusu. Si wizi wa muuzaji, ni hewa. Lakini mashini inayodai farasi kumi kamili itapigwa na mahindi mabichi, motere itatoa moshi mweusi na kuchemka kila siku mpaka ife. Tulikwenda kutazama ile ya kijiji tulichotaja: kibao cha motere kinasema farasi 8, na kibao cha kinu kinadai 10. Hata kando ya bahari isingetosha.

Wengine watasema: basi tuchukue ya umeme, haili hewa. Ni kweli, motere ya umeme haidhuriki hivyo na mlima. Lakini umeme wetu unatoka kwa grupu ya shule, na kibao cha grupu kinasema 10 kVA. Hiyo kVA si kW. Kwa grupu ya namna hii unazidisha kwa 0,8, unapata kilowati 8. Motere ya 7,5 kW inatoa 7,5 kwenye ekseli, ila yenyewe inakula zaidi, tuseme 8,6, maana sehemu inapotea katika joto. Tayari grupu imeshindwa. Na hatujasema juu ya kuwasha: motere hiyo inapoanza inavuta mara tano mpaka saba ya umeme wake wa kawaida, kwa sekunde chache. Kuna kifaa cha kuwasha kwa nyota na pembetatu kinachopunguza pigo hilo mpaka sehemu moja ya tatu, lakini hata nacho grupu inapaswa kuwa walau mara mbili ya hii yetu. Tena grupu yenyewe inazungushwa na motere ya mazuti isiyo na turbo. Nayo imepanda mlima uleule!

Hesabu hizi zote tumeziandika upya kwa usafi, mwalimu wa fizikia amezitazama, na Prefe amekubali tumpe mwenyekiti wa Komite mbele ya mkutano wa juma mosi ijayo. Maoni yetu ni motere ya mazuti, isiyopungua farasi 13 wa saa 12, kwa kinu kinachodai 10: toa kwa mlima, wanabaki 11, yule mmoja ni wa mukaba na wa mahindi mabichi. Bei yake inapita feza iliyoko sasa. Kama Komite itangoje michango ya robo ijayo, ama inunue kinu kidogo kinachodai farasi 7 pamoja na ile motere ya 10, hilo ni la wazazi kuamua. Kinu kidogo kitasaga polepole, lakini kitasaga. Mwenye kuona kosa katika hesabu alete kabla ya juma tano. Karatasi iko kwenye ubao wa mwaka wa sita, na kalamu imefungwa kando kwa uzi.