Utangulizi: Haki Kabla Mali Haijaoza

Ngege wakivuliwa alfajiri katika Ziwa Nakivale, mchuuzi asiye na barafu ana saa chache tu za kuwafikisha sokoni Mbarara. Gari likizuiwa njiani na mzigo ukashikiliwa kwa sababu ya kibali, huzuka maswali mawili. La kwanza ni nani mwenye haki. La pili ni kama jibu litapatikana samaki wakiwa bado wanalika. Karibu, msomaji, katika tawi la sheria linaloshughulikia swali hilo la pili.

Mizizi yake ni ya zamani. Sheria ya India ya mwaka 1908 kuhusu mwenendo wa madai iliipa mahakama uwezo wa kuamuru mali inayooza upesi iuzwe kabla ya hukumu. Uganda ina kanuni ya namna hiyo katika Agizo la 41 la kanuni zake za madai. Sheria ya Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka 2004 nayo inamruhusu Kamishna kuuza bidhaa za aina hiyo zilizokamatwa na kushikilia fedha badala ya mzigo. Msingi ni mmoja: mali ikifa, thamani yake isife.

Anayeomba arudishiwe mzigo wenyewe ana mlima wa kupanda. Tangu shauri la Giella dhidi ya Cassman Brown la mwaka 1973, mahakama zetu huuliza mambo matatu kabla ya kutoa amri ya muda: je, dai lina mashiko? Je, hasara itakayotokea haifidiki kwa fedha? Na je, mizani ya usumbufu inaelemea upande gani?

Swali la kati ndilo gumu. Wakili wa Serikali atasema samaki wana bei, hivyo mwenye mali akishinda atalipwa. Lakini kwa mchuuzi wa Base Camp, katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale, ambaye mtaji wake wote ni mzigo ule ule, tena wa mkopo, fidia ya baada ya miaka miwili humkuta biashara imekwisha kufa na wateja wamehama. Kulalamikia hilo tu hakutoshi. Lazima lithibitishwe kwa hati ya kiapo, risiti na daftari la mkopo.

Vipo vikwazo vingine. Sheria inazuia mahakama kutoa zuio dhidi ya Serikali, na ipo nyingine inayodai notisi ya siku 45 kabla ya kuishtaki. Samaki gani atangoja siku 45? Ndiyo maana mawakili hutafuta njia ya mapitio ya mahakama, au Sheria ya Utekelezaji wa Haki za Binadamu ya mwaka 2019.

Hata hivyo, si kila mzigo unastahili kurudishwa. Jiulize kwanza: kosa liko kwenye karatasi au kwenye mzigo wenyewe? Ngege wa chini ya inchi 11 hawageuki halali kwa kuwa wanaoza, na maziwa yaliyotolewa kwenye karantini ya ugonjwa wa miguu na midomo yanaweza kuwaambukiza ng'ombe wa jirani. Kosa likiwa la karatasi, hakimu ana njia za kati: picha na sampuli zibaki kama vielelezo, mzigo utolewe kwa dhamana, au uuzwe na fedha zikae mahakamani.

Mkimbizi naye hakuachwa nje. Ibara ya 26 ya Katiba ya Uganda inalinda mali ya kila mtu, na Sheria ya Wakimbizi ya mwaka 2006 inampa haki ya kufika mahakamani.

Basi mzigo ukikamatwa, dai orodha iliyoandikwa na kutiwa saini, upige picha, umtafute wakili siku hiyo hiyo. Nawe hakimu utakayesoma kurasa hizi, ombi la namna hii likifika mezani pako asubuhi, lisikilize kabla ya jioni. Haki inayofika baada ya mali kuoza imemnufaisha aliyekamata peke yake.